KITI CHA NAIBU WA SPIKA



Sisi watu wa reli twajua kazi ya makamu. Mwenyekiti wa tawi akishtakiwa, makamu ndiye huketi. Basi tazameni India. Katiba yao, kifungu cha 178, yaamuru kila Bunge la jimbo lichague Spika na Naibu wake mapema iwezekanavyo. Mapema! Siku haikutajwa, na wakubwa wakapata mwanya. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu ilipelekewa malalamiko juu ya majimbo matano yasiyo na Naibu, Uttar Pradesh na Jharkhand yakiwamo, ikataka majibu.

Wengine husema Naibu ni pambo tu. Uongo! Spika akijiuzulu, barua humwandikia Naibu. Naibu hayupo, apewe nani, tarishi? Tena Bunge likijadili kumwondoa Spika, kifungu cha 181 chamkataza kuongoza kikao hicho. Naibu aliyechaguliwa na Bunge angeketi. Asipokuwapo, kiti hushikwa na mmoja wa wenyeviti wa zamu, na hao huteuliwa na nani? Na Spika yuleyule! Mshitakiwa amejichagulia hakimu. Tawini kwetu tungekubali?