Mhunzi hana kibao, lakini kazi yake inasema

Mwezi huu tuongee juu ya mtu ambaye kila nyumba inakula kwa kazi yake, lakini ni wachache wanaomkumbuka: mhunzi, fundi wa kufua chuma.

Zamani, katika miji ya Ulaya, watu wengi hawakujua kusoma. Basi mwenye duka alimwomba mhunzi amtengenezee alama ya chuma ya kutundika juu ya mlango: ufunguo kwa fundi wa kufuli, kiatu kwa mshona viatu. Hata mtoto aliyetumwa hakupotea. Mjini Salzburg, inchi ya Austria, katika barabara ya Getreidegasse, alama kama hizo zinaning'inia hata leo, tena ni nzuri sana. Lakini kwingine mashindano yakaingia, kila mmoja akataka alama kubwa kuliko ya jirani. Mjini London, mwaka wa 1718, alama moja ilianguka pamoja na ukuta, ikaua watu wanne. Mwaka wa 1762 ikaamriwa zishushwe, au zibandikwe ukutani. Kibao kilikuwa kimezidi duka lenyewe!

Sasa je, huku kwetu upande wa Bunagana na Rutshuru? Mhunzi wa kijiji hakuhitaji kibao. Alama yake ilikuwa mlio wa nyundo na moshi wa makala. Na kibao chake cha kweli kilikuwa katika mkono wa mama anayelima. Jembe likipinda siku ya kwanza, kijiji kizima kinajua. Likidumu, watu wanatoka mbali kumtafuta.

Vijana, msifikiri ufundi huu tuliletewa na wazungu. Katika inchi za Maziwa Makuu watu wanayeyusha mawe ya chuma tangu zaidi ya miaka 2,000. Huko Buhaya, Tanzania, kando ya Ziwa Victoria, wazee walijenga tena tanuru mwaka wa 1976 kuonyesha watafiti namna babu zao walivyofanya. Tanuru ni la udongo. Ndani wanaweka makala na mawe ya chuma, na watu wanapuliza mivukuto bila kupumzika. Chuma hakitoki kama maji. Kinatoka donge lenye matundu, limechanganyika na mavi ya chuma. Ni nyundo inayolisafisha. Ndiyo maana jembe lilikuwa na bei kubwa, hata katika Rwanda ya zamani lilitolewa kama mahari.

Halafu majembe ya kiwanda yakafika kwa meli na treni, kwa bei ya chini. Matanuru yakazimika. Mhunzi akabaki na vyuma vikuukuu, zaidi sana resori za kamyo. Na hapo, msidharau, kuna akili nyingi! Chuma cha resori ni kigumu. Fundi anakipasha moto na kusoma rangi yake kwa macho, ndiyo maana anapenda kufanya kazi kivulini. Akimaliza kufua, anakitia katika maji. Lakini akikiacha hivyo, kitavunjika kama chupa. Lazima akipashe tena polepole, mpaka pahali alipopang'arisha paonyeshe rangi ya majani makavu. Hapo kimekuwa kigumu, na hakivunjiki ovyo. Mambo haya yanafundishwa mkono kwa mkono.

Ninyi mnaoishi kwenye machimbo mnaelewa. Kijana anakimbilia koltani ya Rubaya, anafikiri utajiri wote uko katika udongo. Kumbe patasi yake ikigonga mwamba siku mbili, imekwisha makali! Ataipeleka wapi? Kwa mhunzi. Shimo linaisha siku moja, lakini watu wa kunoleshwa vyombo hawaishi.

Someni 1 Samweli 13, mstari wa 19 mpaka wa 22. Wafilisti waliwanyima Waisraeli wahunzi. Basi kila mkulima akashuka kwa adui, akalipa feza kusudi jembe lake linolewe. Sisi watu wa mpakani tuwaze vizuri. Kununua vitu ng'ambo, Uganda, si zambi. Lakini kijiji kisichojua hata kutia mpini na makali, kinaishi kwa ruhusa ya wengine.

Na vita vimeongeza hatari. Tarehe 13 Juni 2022 M23 waliteka Bunagana, na familia nyingi zikakimbia. Mtu anayekimbia hawezi kubeba fuawe. Ni nzito mno. Anabeba ujuzi katika mikono yake. Kama hakumfundisha mtu, siku atakapokufa atazikwa pamoja na ujuzi ule.

Wazazi, kama kuna mzee mhunzi karibu nanyi, mwendeeni kwa heshima. Mwombeni amchukue mtoto, wa kiume ao wa kike, apulize mivukuto kwanza. Masudere wetu wa milango ya chuma nao wajifunze kwake, maana kuunganisha chuma si sawa na kukifua. Nawe kijana, usianze na kuandika kibao kikubwa. Anza na jembe lisilopinda.

Maswali ya kuzungumza nyumbani:
1. Nani anafua chuma pahali petu, na nani anajifunza kwake?
2. Kazi yetu inasema nini juu yetu, kama hakuna kibao?

Mbaki na amani.