Bei ya omena Nyamache huamuliwa mbali na Nyamache

KILA mwaka ifikapo Aprili, kipimo cha omena katika masoko ya Nyamache na viunga vyake, Kaunti ya Kisii, huanza kunywea. Mnunuzi hutoa pesa zilezile alizotoa Februari, lakini mkebe anaopimiwa huwa mdogo, au ule wa zamani hukosa kilele.

Ndiyo maana mwelekeo wa bei ya samaki huyu aliyekaushwa haueleweki kwa kuhesabu shilingi pekee. Mchuuzi anafahamu kwamba mteja wake hana cha kuongeza, hivyo badala ya kupandisha bei hupunguza kipimo. Ughali hujificha ndani ya mkebe.

Ni rahisi kumtupia lawama mama anayeuza. Hata hivyo, yeye ni wa mwisho katika msururu mrefu unaoanzia kwenye fuo za Ziwa Victoria, na bei anayoitaja huwa imeamuliwa kabla gunia halijafika Kisii.

Chanzo cha kwanza ni msimu. Kuanzia Aprili hadi mwisho wa Julai, uvuvi wa omena hufungwa katika maji ya Kenya ili samaki wazaane. Mgala muue na haki mpe: bila marufuku hayo, huenda leo tungekuwa tunajadili samaki aliyekwisha badala ya samaki aliye ghali.

Tatizo ni kwamba miezi hiyo hukutana na mvua za masika. Omena huanikwa juani, aghalabu juu ya nyavu kuukuu au mchangani. Mvua ikinyesha kabla hajakauka, huoza au hupoteza rangi na ladha, na thamani yake hushuka.

Wafanyabiashara hulazimika kutazama ng'ambo ya mpaka. Kenya inamiliki takriban asilimia 6 tu ya eneo la ziwa hilo. Sehemu iliyosalia ni ya Tanzania na Uganda. Dagaa kutoka Mwanza, ambako soko la Kirumba ni kitovu cha biashara hii, hupitia Sirari na Isebania hadi nchini.

Lakini mnunuzi wa Kisii hayuko peke yake Kirumba. Anashindana na wenzake wanaopeleka shehena Rwanda, Burundi na Jamhuri ya Kidemokrasia ya Congo. Mahitaji yakipanda huko, mama wa Nyamache huyahisi bila kujua yametoka wapi.

Chanzo cha pili ni gharama ya mwanga na usafiri. Omena huvuliwa usiku kwa kuvutwa na taa, na mbalamwezi inapong'aa mavuno hupungua. Serikali ilipotoza ushuru wa Sh18 kwa kila lita ya mafuta taa mnamo Septemba 2018, mvuvi wa karabai aliongezewa mzigo. Taa za sola zimesaidia baadhi yao, ila lori linalopanda milima ya Gusii bado hutumia dizeli.

Chanzo cha tatu ndicho kizito zaidi, nacho ni ushindani kati ya sufuria na kihori. Sehemu kubwa ya omena haifiki mezani kwa binadamu, bali husagwa kuwa lishe ya kuku, nguruwe na samaki wa kufugwa. Mwenye kiwanda hununua kwa tani na hulipa papo hapo. Mchuuzi anayetafuta gunia moja hana nguvu ya kushindana naye.

Hapa pana kinaya kinachostahili kutafakariwa. Mnamo 2009, serikali ilianzisha mpango wa kuchimba vidimbwi 200 vya samaki katika kila mojawapo ya maeneobunge 140, na wakulima wa Kisii walikuwa miongoni mwa walioupokea kwa hamu. Lengo lilikuwa kuongeza samaki mashambani. Lakini samaki wa kidimbwini anahitaji lishe, na protini ya lishe hiyo mara nyingi hutoka kwa omena. Samaki wa tajiri hula samaki wa maskini.

Athari zake Nyamache ni nzito kwa sababu ya kalenda ya majani chai. Mkulima mdogo hupokea malipo ya kila mwezi, lakini fedha za maana huja na bonasi, ambayo hulipwa Oktoba. Kufikia Mei, bonasi imeshamezwa na karo na madeni, na ghala la mahindi linakaribia kuwa tupu. Huo ndio wakati omena huadimika.

Mambo hayakurahisika 2025, pale wakulima wa chai magharibi mwa Bonde la Ufa, wakiwemo wa Kisii na Nyamira, walipolalamikia bonasi iliyokuwa ndogo mno ikilinganishwa na ya wenzao wa mashariki. Familia ikipungukiwa, nyama hutoka mezani kwanza. Omena wakifuata, watoto hubakia na ugali na mboga.

Je, kuna la kufanya? Kudhibiti bei kwa amri hakutafaa, kwani mkebe utazidi kudidimia. Tiba imo katika namna ya kukausha na kuhifadhi.

Historia ya mbuta ina somo. Muungano wa Ulaya ulipozuia samaki wa Ziwa Victoria mnamo 1999 kwa hofu ya sumu, serikali na wenye viwanda walilazimika kuboresha usafi na ukaguzi hadi soko likafunguliwa tena. Minofu ikaendelea kwenda Ulaya, nasi tukaendelea kununua mgongo wazi. Omena hakupata bahati hiyo, kwa kuwa mlaji wake hana nguvu ya kufunga soko.

Nchini Ureno, uvuvi wa sadini nao hufungwa kwa miezi kadhaa. Lakini samaki aliyetiwa koponi huweza kukaa miaka, hivyo mlaji hasubiri mashua irudi. Sisi hatuhitaji makopo. Vichanja vilivyoinuliwa, mapaa ya kukinga mvua, na maghala makavu vingewezesha omena wa Februari na Machi kuliwa Juni.

Kaunti za Kisii na Nyamira zimo katika jumuiya ya kiuchumi ya kaunti za ziwa pamoja na Homa Bay, Migori na Siaya. Jukwaa lipo. Kaunti inayokula ina sababu ya kuwekeza pamoja na kaunti inayovua, na vyama vya ushirika vya wachuuzi vingeweza kununua kwa wingi wakati bei iko chini.

Wahenga walinena kwamba akiba haiozi. Kwa omena wanaoanikwa mchangani mawingu yakitanda, akiba huoza, na hasara hiyo hulipwa Nyamache.