Bushera isizimuliwe kwa maji mabichi

Ndugu wakazi wa Nakivale,

Wakati wa jua kali wengi tunabeba bushera shambani. Ni vizuri, kinywaji hiki, kinachopendwa hata Mbarara, kinakata kiu na kutia nguvu. Tunapika uji wa mtama, tunauacha upoe, tunatia unga wa kimea, tunafunika mpaka kesho.

Lakini wengine wakiiona nzito wanaizimua kwa maji ya ziwa yasiyochemshwa. Hapo faida ya moto imepotea, na kuhara kunaingia nyumbani. Mtasema kuni ni chache. Kweli, basi afadhali kunywa bushera nzito. Mwenye kuni achemshe maji ya kuzimulia siku ileile ya kupika uji, ayafunike katika jerikani safi.

Watoto wapeni ya siku moja tu; ikikaa siku nyingi inakuwa pombe.