Ushuhuda wa Mambo Ambayo Hayakutokea



Leo nazungumza na wewe ambaye kila Jumapili wakati wa ushuhuda ukifika, unatazama chini. Hujawahi kulala korokoroni. Hujawahi kutumia dawa za kulevya. Hakuna daktari aliyewahi kukukatia tamaa. Unaamka alfajiri, unavuka na feri kwenda kazini, unarudi jioni, watoto wanakula, mnaomba, mnalala. Basi unajiambia, "Mungu ametenda kwa wengine. Mimi sina la kusema."

Mpendwa, unalo. Nami nitakuonyesha kwa mfano wa mtu wa hapa hapa kwetu.

Anaitwa Aasif Karim, mzaliwa wa Mombasa, mwaka wa 1963. Mchezo wake ni kriketi, na kazi yake kubwa ilikuwa kumrushia mpira mpigaji wa timu pinzani. Alikuwa nahodha wa Kenya katika Kombe la Dunia la 1999, kisha akastaafu. Mwaka wa 2003 akaitwa tena kikosini, umri miaka 39. Simleti kama mhubiri. Namleta kwa sababu ya siku moja.

Tarehe 15 Machi 2003, mjini Durban, Afrika Kusini, Kenya ilikutana na Australia, mabingwa wa dunia. Kama hujui kriketi, shika hili tu: mrushaji hurusha mipira sita, kisha anampisha mwenzake. Mipira hiyo sita huitwa ova. Mpigaji naye anatafuta kuupiga mpira mbali ili apate mikimbio, yaani alama. Waaustralia wale walikuwa wanajua kupiga. Timu nyingi ziliumia mikononi mwao mwaka ule.

Mzee wetu alirusha mipira 50. Katika hiyo 50, Australia walipata mikimbio 7 tu kwake. Aliwatoa wapigaji watatu, mmoja wao nahodha wao, Ricky Ponting. Lakini wapigaji watatu si ndio ninaotaka uwashike leo. Alirusha ova nane kamili na mipira miwili juu yake, na ova sita kati ya hizo hazikuzaa hata mkimbio mmoja. Mipira 36, na ubao wa alama haukusogea.

Mtu asiyejua mchezo angesema, "Mbona hakuna kinachoendelea?" Anayejua mchezo anasimama na kupiga makofi, kwa sababu anaona hatari iliyozuiwa. Na katika kriketi ova ya namna hiyo haipotei. Ina jina lake, meideni, na inaandikwa katika hesabu ya mrushaji.

Sasa nakuuliza, mama wa Mishomoroni: yule kijana wako wa miaka 17 ambaye wenzake walibeba mapanga na yeye hakubeba, nani ameiandika hiyo? Baba wa Chaani: miaka yote ile uliyopita mbele ya baa na mshahara mfukoni ukaufikisha nyumbani, nani amekupigia makofi? Dada wa Likoni: ule ujumbe wa usiku kutoka kwa mume wa mtu ambao hukuujibu, umewahi kuusimulia wapi?

Hakuna kilichotokea. Huo ndio ushuhuda wenyewe! Zaburi ya 121 inamtaja Mungu kama mlinzi asiyesinzia. Na kazi ya mlinzi mwema utaijua kwa nini? Kwa wizi ambao haukutokea.

Maoni yangu ni haya. Makanisani kwetu tumewapa kipaza sauti waliotolewa shimoni, na ni vizuri, tuendelee kuwapa. Lakini waliozuiwa wasitumbukie tumewaacha wakae kimya. Watoto wetu wanasikiliza. Kijana akisikia kila wiki kwamba hadithi tamu ni ya aliyekuwa jambazi, atadhani Mungu haoni kijana aliyekaa nyumbani akasoma. Wengine hata wanaanza kutia chumvi ili nao wapate la kusimulia. Aliyeinuliwa ni wa Bwana, na aliyeshikiliwa asianguke ni wa Bwana pia.

Lakini kuna mtu anasoma hapa na roho inamuuma. Anasema, "Mchungaji, mimi niliomba. Nilifunga. Nilimfuata mwanangu mpaka mtaani usiku. Na bado genge lilimchukua."

Mama, baba, nisikilize. Siku ile Durban, Kenya ilishindwa. Australia walihitaji mikimbio 175, wakaifikia, mechi ikaisha. Yule mzee hakuweza kuwarushia mipira wote, na alama ambazo timu yake haikupata hakuweza kuziongeza kwa kurusha. Hata hivyo, mchezaji bora wa mechi alitangazwa kuwa yeye. Alitoka upande ulioshindwa! Waamuzi waliangalia mipira aliyopewa na jinsi alivyoirusha.

Soma Waebrania 11 mpaka mwisho. Wamo waliofunga vinywa vya simba, na wamo waliouawa kwa upanga. Mwandishi hakuwatenga kwa matokeo. Wote wanasifiwa kwa imani yao.

Kwa hiyo, kumwambia mzazi aliyepoteza mtoto kwamba imani yake ilikuwa haba, hiyo si Injili. Ni kumpiga mtu aliyekwisha kuanguka. Kijana naye ana hiari yake, na mtaa una nguvu zake. Wewe ulipewa mipira yako na ukairusha kwa uaminifu. Imeandikwa mbinguni, hata kama mechi unaiona imepotea. Na mwanao akiwa bado anapumua, usiache kumwombea.

Jumapili hii, ukija ibadani, njoo na ushuhuda wa jambo ambalo halikutokea. Usiwe mrefu. Sema tu, "Mwaka huu ningeweza kuiba kazini, sikuiba." "Ndoa yetu ingevunjika, haikuvunjika." Sisi tutasimama, tutampigia Bwana makofi.

Na leo kabla hujalala, mwite mwanao ambaye hajakusumbua. Huyo ndiye tunayemsahau. Mwambie, "Nimekuona."

Tuombe. Baba, asante kwa mabaya uliyoyazuia tusiyajue. Wafariji wazazi waliopigana na bado wanalia usiku huu. Wakumbuke watoto wetu wa Kisauni, Likoni na Changamwe, walio nyumbani na walio nje. Katika jina la Yesu.

Kama limekugusa, andika Amina, kisha mtumie mzazi mmoja.