Bongo Ana Kibali, Mtoto Je?

Nje kidogo ya mji wa Nanyuki, chini ya Mlima Kenya, kuna makao ya yatima ambayo watalii hulipa ili kuingia. Wanaotunzwa humo ni wanyama. Maarufu kuliko wote ni bongo, swala mkubwa mwenye mistari myeupe, ambaye karibu atoweke kabisa katika misitu yetu.

Bongo hafugwi na mtu yeyote tu kwa sababu ana roho nzuri. Sheria ya Wanyamapori ya 2013 inataka kibali. Ukipatikana na mnyama wa porini nyuma ya nyumba yako, utajieleza mahakamani, hata ukiapa kwamba ulimwokota akilia. Na bongo hawatunzwi ili wakae hapo milele. Machi 2022 ilifunguliwa rasmi hifadhi ya Mawingu, huko huko mlimani, ili wazoee kujitafutia chakula na mwishowe warudi msituni.

Sasa tuje kwa watoto wa binadamu.

Kenya ina zaidi ya watoto 40,000 katika makao ya hisani zaidi ya 800. Wengi wao si yatima kamili. Wana mama, au baba, au shosho anayewakumbuka. Kilichowatoa nyumbani mara nyingi ni karo, njaa, ugonjwa au ugomvi wa wazazi. Yaani umaskini. Halafu sisi tunawaita yatima, kwa sababu neno hilo linafungua mifuko haraka kuliko neno "maskini".

Sheria haijanyamaza. Kifungu cha 53 cha Katiba kinampa mtoto haki ya kulelewa na wazazi wake. Makao yanapaswa kusajiliwa na Baraza la Kitaifa la Huduma za Watoto, kukaguliwa, na kumpokea mtoto kwa amri ya mahakama. Novemba 2017 serikali ilisimamisha usajili wa makao mapya. Mwaka 2022, mwaka ule ule wa bongo, tulipata Sheria mpya ya Watoto na mkakati wa miaka kumi wa kuwarudisha watoto kwenye familia. Kwa hiyo ukiona bango la makao lililosimamishwa baada ya 2017, una haki ya kuuliza lilipitia mlango gani.

Najua jibu litakalokuja. "Serikali ilikuwa wapi? Huyu mama alianza na watoto watatu sebuleni kwake, akawalisha kwa jasho lake. Leo mnamletea mambo ya karatasi?" Ni hoja nzito, na siidharau. Afisa wa watoto anayepewa eneo kubwa kama Laikipia bila gari wala mafuta hawezi kukagua chochote. Serikali ibebe lawama hiyo. Lakini wema wa huyo mama hauthibitishi wema wa jirani yake. Karatasi haimhukumu mwenye moyo. Inamlinda mtoto dhidi ya mtu anayejifanya ana moyo.

Na watu hao wapo. Upande wa pili wa Aberdare, mjini Gilgil, Mwingereza Simon Harris alijulikana kama mfadhili wa watoto wa mtaani. Desemba 2014 mahakama ya Birmingham ilimtia hatiani kwa kuwadhulumu kingono. Kule Bomet, Mmarekani Gregory Dow alifungua makao mwaka 2008. Februari 2021 alihukumiwa miaka 15 na miezi 8 kwa kuwadhulumu wasichana aliodai kuwalea. Hukumu hiyo ilitolewa Pennsylvania. Angalia hapo: watoto ni wetu, uovu ulitendeka kwetu, na wakosaji wakafungwa na mahakama za mbali. Wote wawili waliingia kwa mlango wa hisani, ule mlango ambao sisi huona aibu kuubisha na kuuliza maswali.

Ndiyo maana naelekeza maneno haya kwako, wewe na mabeshte zako mnaopanga kusherehekea bathdei na "watoto yatima". Mnachanga, mnanunua unga, pedi na keki, mnapanda matatu hadi Nanyuki, Karatina au Nyeri. Mtoto mnayemwona kwa saa mbili mnambeba, mnapiga picha, mnaweka statasi. Hakuna aliyemuuliza kama anataka uso wake uonwe na watu mia tatu. Makao yakijua kwamba wageni huja kuona watoto, yatahitaji watoto wa kuonwa. Na mtoto akirudi kwao, mgeni ataletewa nini?

Wakati mwingine, kabla ya kuchanga, pigeni simu muulize mambo matatu. Cheti cha usajili kiko wapi? Kila mtoto aliletwa kwa amri ya mahakama? Na nani kati yao amerudi kwa familia mwaka huu? Msimamizi mwaminifu hatakasirika. Pengine atafurahi kwamba kuna mtu ameuliza. Mkipata maneno mengi na majibu machache, piteni kwa ofisi ya watoto ya kaunti ndogo, au mpige 116, simu ya bure ya kumsaidia mtoto.

Halafu zile pesa za keki mtafutieni shosho mmoja aliyebaki na wajukuu. Zilipe karo pale pale nyumbani, mtoto asihitaji kuhama kitanda chake ili ale.