Baba akifa njiani, nani atahesabiwa?

Ndugu mufanyakazi, nawe mama wa nyumba,

Kila kilio cha ajali ya barabara, watu wanauliza: «Watalipa ngapi?» Mimi naona ulizo la kwanza ni lingine: nani ameandikwa?

Kwa sheria ya mwaka 2016, ajali njiani kati ya nyumba na kazi ni ajali ya kazi, kama mutu hakuacha njia kwa mambo yake mwenyewe. CNSS inahesabu pensheni kufuata mushahara wa marehemu, inaigawanya kwa mujane na watoto. Lakini hesabu hiyo inafuata karatasi, haifuati machozi.

Nimeona kwa macho yangu mama wa watoto wane, mahari ilitolewa, lakini ndoa haikuandikwa. Ndugu za marehemu walisema: «Huyu si mke.» Alizunguka maofisi miezi mingi.

Ndoa ya kimila iandikishwe kwa Leta ndani ya mwezi mmoja, mutoto ndani ya siku 90. Muda umepita? Enda vilevile. Kisha peleka karatasi kwa ofisi ya wafanyakazi.

Kufanya hivi si kujiitia kifo. Unavaa kofia ya kazi kila asubuhi. Jamaa yako nayo uivalishe.