Kabla Mtu Akate Mlango Wako, Angalia Bawaba

Wasee, leo naandika nikiwa na hasira kidogo, mnivumilie.

Nimehama keja wiki hii na dipoziti imerudi ikiwa imepungua. Sababu? "Mlango umekatwa." Na aliyeukata ni keretaka wao!

Nirudi nyuma. Nilikuwa na bedsita Roysambu, ghorofa ya nne. Aprili mwaka jana, mvua ikinyesha kila jioni, mlango ukaanza kukwaruza sakafu. Nikirudi usiku, krrrrr, ploti nzima inajua nimefika. Sakafu ikachorwa nusu duara. Nikajifunza kuuinua kwa handeli huku nikisukuma na goti, na baada ya wiki mbili nikaona ni kawaida.

Halafu mathe akanitembelea. Mnajua niliacha chuo, hiyo stori nimeipiga hapa mpaka mmechoka. Hakuniuliza lolote kuhusu chuo. Alisukuma mlango, ukakwama, akanitazama. "Kwa hivyo hata mlango umekushinda?" Aki iliniuma.

Kesho yake nikamwita keretaka. Alikuja na randa mkononi, yaani alikuwa ameamua kabla ya kuona mgonjwa. Akang'oa mlango, akapunguza chini, akarudisha, akaenda. Wiki tatu hivi, krrrrr.

Hapo ndipo nilikaa chini nikauangalia mwenyewe. Shika handeli, inua mlango. Ukipanda na kushuka, shida haiko chini, iko kwa bawaba. Mara nyingi ni ile ya juu, kwa sababu ndiyo inavutwa zaidi na uzito wa mlango. Skrubu zinalegea, mlango unainama upande wa kufuli, kona ya chini inagusa sakafu. Unaweza kuukata mpaka uishe, bado utaendelea kuinama.

Mimi nilikaza skrubu na bisibisi, zikazunguka tu bila kushika. Tundu la mbao lilikuwa limepanuka. Basi fungua mlango, weka kabari chini uubebe, toa skrubu za hiyo bawaba moja tu (usizitoe zote, mlango utakuangukia). Vunja vichwa vya njiti za kiberiti, zipake gundi ya mbao, zijaze kwa tundu, zikikauka kata zinazotokeza, rudisha skrubu. Fremu ikiwa ya chuma hii haisaidii, tafuta fundi wa kuchomelea.

Kama bawaba zimekaza na mlango unakwaruza msimu wa mvua pekee, hiyo ni mbao imefura. Usikimbilie randa. Kiangazi kikija inanywea, unabaki na pengo. Langu lilikuwa la kupitisha kidole gumba, na Julai ile baridi yote ya Nairobi ililala kwangu. Mende nao. Lazima upunguze? Toa kidogo sana kisha upake rangi hapo chini. Mafundi wengi huruka hapo, na kila ukipiga deki mbao inakunywa maji.

Najua mtasema kurekebisha nyumba ni kazi ya landilodi. Ni kweli, na umwambie, kwa meseji, ibaki ushahidi. Piga picha siku ya kuingia na kabla ya mtu yeyote kugusa. Mimi sikupiga hata moja, ndiyo maana sina la kubishana naye. Lakini kungoja miezi mitatu? Bedsita ina mlango mmoja. Gesi ikishika moto usiku, landilodi atakuwa kwake amelala, wewe ndiye utakuwa unavutana na huo mlango.

Na wale mnaodhani bisibisi ni ya watu wa jua kali, pitieni hadweya siku moja. Njiti, gundi na bisibisi zilinigharimu pesa kidogo kuliko chipsi na kuku.

Keja mpya ina mlango wa chuma. Nao unapiga kelele, lakini huo unataka mafuta tu. Mathe anakuja mwisho wa mwezi.